Soma kabla ya kuandika: mwongozo kamili wa kuflashi simu na tableti za Android zisizo na jina

Tableti ilikuwa ya inchi saba, nyeusi, mgongoni ina jina ambalo sijalisikia kabla wala baada ya siku ile. Ilikuwa inakwama kwenye nembo. Nikatafuta programu dhibiti kwa jina lile, nikaipata, nikaipiga (ndiko kuflashi: kuandika programu dhibiti upya kwenye kifaa), ikawaka vizuri. Nikagusa kona ya juu kushoto. Kilichofunguka kilikuwa chini kulia. Picha imesimama sawasawa, tachi iko kichwa chini miguu juu. Nilipofungua mgongo nikasoma maandishi meupe kwenye bodi, mwisho wake V1.2. Faili nililopiga lilitengenezwa kwa V1.3. Na ile programu yake ya asili, iliyokuwa na draiva sahihi ya tachi, nilikuwa nimeifuta mwenyewe dakika kumi kabla bila kunakili hata sehemu moja.

Kwa hiyo kila hatua iliyo hapa chini inazunguka jambo moja: romu (yaani programu dhibiti) pekee unayoweza kuwa na hakika kwamba inakubaliana na kifaa chako ni ile iliyomo ndani yake sasa hivi, hata kama imeharibika. Itoe kwanza. Kuharibika mara nyingi kunagusa sehemu moja au mbili tu; zilizobaki ni nzima, na ndizo zenye siri za bodi yako.

Kwa nini jina la mgongoni halitoshi

Vifaa hivi haviundwi kama vya makampuni makubwa. Kiwanda kimoja kinabuni bodi, wauzaji wengi wanaichukua, kila mmoja anaweka ganda na jina lake. Kioo kinawekwa kile kilichopatikana mwezi huo, vivyo hivyo kamera na tachi. Mzigo ukibadilika, jina linabaki lile lile lakini ndani ni kifaa kingine. Na kinyume chake pia hutokea: majina matano tofauti, bodi moja.

Sasa angalia simu inavyowaka, maana hapo ndipo utaelewa hatari iko wapi. Nachukua mfano wa MediaTek kwa sababu chipu zake zimejaa kwenye vifaa vya aina hii. Ukibonyeza kitufe cha kuwasha, kinachoamka kwanza ni BROM, programu ndogo iliyochongwa ndani ya chipu yenyewe tangu kiwandani. Haifutiki wala haiandikwi juu. BROM inaita preloader, ambayo kazi yake kubwa ni kuamsha RAM kwa vipimo vya chipu ile ile ya kumbukumbu iliyobandikwa kwenye bodi yako. Preloader inaita lk, inayowasha kioo na kuonyesha nembo. Lk inaita boot, ambamo kuna kiini cha Linux na draiva za tachi, kamera na vihisi. Boot ndiyo inayofungua system na vendor, yaani Android yenyewe, na mwisho userdata, mahali zilipo picha na programu zako.

Ukifuata mnyororo huo, dalili zinajieleza. Preloader isiyo yako: RAM haiamki, simu haionyeshi uhai wowote. Lk isiyo yako: simu inawaka, unasikia mlio, kioo cheupe au cheusi tupu. Boot isiyo yako: tachi imegeuka au imekufa, kamera haifunguki. System isiyo yako: inazunguka kwenye nembo bila kufika mwisho.

Pembeni ya mnyororo huo kuna sehemu ndogo ambazo watu huzisahau: nvram, nvdata, protect1, protect2, proinfo. Humo zimo namba za IMEI, anwani ya Wi-Fi na vipimo vya redio vilivyopimwa kiwandani kwa kifaa kimoja tu, kile kilichoko mkononi mwako. Hakuna romu ya kupakua yenye sehemu hizo kwa ajili yako. Zikifutika bila nakala, hupati nyingine.

Kwanza hakikisha kwamba tatizo ni la programu

Jaribu kuingia recovery, menyu ndogo ya matengenezo inayofunguka bila kuwasha Android kamili: zima simu, shikilia kitufe cha kuwasha pamoja na cha kuongeza sauti, au cha kupunguza kwa baadhi ya vifaa. Ukifika, futa kache, washa tena. Ikishindikana ndipo ufute data zote, ukijua kwamba kila kilichomo kinaondoka. Na kabla ya kufuta, hakikisha unakumbuka akaunti ya Google iliyokuwa kwenye simu na nywila yake. Kuanzia Android 5.1 kuna ulinzi unaoidai akaunti ile ile baada ya kufuta kupitia recovery, na haupo kwa bahati mbaya: upo kumlinda mwenye simu dhidi ya mwizi.

Kuna dalili moja inayookoa muda mwingi. Umefuta data zote, simu imewaka, na picha zako za zamani zipo pale pale kama hukugusa kitu. Hapo chipu ya hifadhi imechoka. Inasomeka lakini haikubali tena kuandikwa. Kuflashi hakutasaidia, hata ukirudia mara ishirini. Nakili picha zako haraka wakati bado inasomeka.

Betri nayo ichunguzwe. Simu inayozimika kila ikifika kwenye nembo inaweza kuwa na betri isiyohimili mzigo tu.

Hatua ya 1: Kitambue kifaa kwa vitu visivyodanganya

Kama kifaa bado kinawaka, fungua chaguo za wasanidi programu: nenda kwenye taarifa za kifaa, gusa namba ya muundo mara saba, kisha ruhusu utatuzi wa USB. Unganisha na kompyuta yenye adb, programu ya kuipa simu amri kupitia kebo, uandike:

adb shell getprop ro.board.platform
adb shell getprop ro.build.display.id
adb shell cat /proc/partitions

Ya kwanza inakupa jina la chipu, mfano mt6580. Ya pili inakupa jina refu la toleo, ambalo mara nyingi limebeba jina la bodi na tarehe. Ndilo utakalotumia kutafuta romu ukilazimika, si jina la mgongoni.

Ya tatu inaeleza ukubwa wa kweli wa hifadhi. Vifaa hivi mara nyingi hudanganya kwenye mipangilio: vinajitangaza kuwa na Android mpya kuliko iliyomo na nafasi kubwa kuliko iliyopo. Ukiona mstari wa mmcblk0 una 7634944, hiyo ni idadi ya vipande vya kilobaiti moja moja, sawa na takribani GB 7.3, yaani chipu ya GB 8, hata kama mipangilio imeandika 64. Romu iliyopangwa kwa hifadhi kubwa zaidi haitaingia hapo.

Getprop kamili ihifadhi kwenye faili:

adb shell getprop > sifa.txt

Kama kifaa hakiwaki, na mgongo unafunguka bila kuvunja kitu, ufungue. Piga picha ya maandishi ya bodi yakiwa yanasomeka: jina, herufi ya V na namba yake, tarehe. Kwenye tableti soma pia maandishi ya utepe wa kioo na wa tachi. Picha hizo zina thamani kuliko sanduku lililokuja na kifaa.

Hatua ya 2: Andaa meza

Chaji betri ipite nusu. Tumia kebo inayopitisha data, fupi, iliyochomekwa moja kwa moja kwenye kompyuta na si kwenye kigawio cha USB. Nimeona kazi nyingi zikikatika katikati kwa sababu ya kebo iliyolegea kuliko kwa sababu ya programu mbaya. Kompyuta ya mkononi iwe kwenye chaji, na uizuie isilale.

Kwenye Windows weka draiva za MediaTek. Zima simu, ichomeke, ukiangalia orodha ya vifaa vya kompyuta: jina lenye neno PreLoader litatokea kwa sekunde chache kisha litoweke, na simu itaanza kuchaji. Hiyo ni kawaida. Ni dirisha dogo ambalo programu ya kuflashi hulisubiri. Kwenye Linux, amri ya lsusb itakuonyesha 0e8d:2000 ikiwa ni preloader iliyojibu, au 0e8d:0003 ikiwa ni BROM yenyewe. Zishike namba hizi mbili, kwa sababu siku simu ikifa ndizo zitakazokuambia imekufa kwa kiasi gani.

Hatua ya 3: Isome simu yote

Hatua hii ndiyo inayorukwa zaidi, kwa hiyo nitakaa nayo.

Chombo ninachokitumia kwa MediaTek ni mtkclient, programu huria inayoendeshwa kwa Python. Inafanya kazi kwa chipu nyingi za MediaTek, ingawa si zote. Baadhi ya mpya zimefungwa. Kwenye Windows inahitaji pia draiva ya USB iitwayo UsbDk. Zima simu kabisa. Andika amri kwanza, kisha chomeka kebo huku umeshikilia kitufe cha kuongeza sauti, au cha kupunguza, au vyote viwili. Vifaa vinatofautiana, jaribu kimoja kimoja.

python mtk.py rl nakala1 --skip userdata

Amri hiyo inasoma kila sehemu isipokuwa userdata na kuiweka kama faili lake ndani ya folda ya nakala1. Userdata naiacha kwa sababu ni kubwa, na kwenye simu za karibuni imesimbwa kwa fumbo, hivyo kuinakili hakukupi picha zako. Picha zitoe kwa njia ya kawaida wakati simu bado inawaka.

Preloader haikai kwenye eneo moja na sehemu nyingine. Ina chumba chake kwenye chipu ya hifadhi. Isome peke yake:

python mtk.py r preloader preloader.bin --parttype boot1

Ukipendelea SP Flash Tool, programu nyingine ya kuflashi chipu za MediaTek, kazi hiyo iko kwenye ukurasa wa Readback, ila utalazimika kuingiza mwenyewe anwani ya kuanzia na urefu wa kila sehemu kutoka kwenye faili la scatter. Scatter ni faili la maandishi ya kawaida linaloorodhesha sehemu za hifadhi na mahali zilipo; lifungue uone linear_start_addr na partition_size za kila jina. Kosea sifuri moja na nakala yako itakuwa ya kitu kingine kabisa.

Ukimaliza, rudia usomaji wote kwenye folda ya nakala2, bila kuwasha simu katikati. Ukiiwasha, baadhi ya sehemu hubadilika na ulinganisho hauna maana tena. Kisha linganisha alama za mafaili, yaani namba ndefu inayokokotolewa kutokana na yaliyomo kwenye kila faili:

sha256sum nakala1/* nakala2/*

Kwenye Windows, tumia certutil -hashfile ikifuatiwa na jina la faili na SHA256, faili moja baada ya jingine. Alama zikilingana, kebo na usomaji viko salama. Zikitofautiana, badili kebo, rudia. Usiandike chochote kwenye simu ambayo hujaweza kuisoma mara mbili kwa namna moja. Kama kusoma kunayumba, kuandika nako kutayumba, na huko hakuna kurudia bila gharama.

Fungua pia faili la nvram uone lina kitu. Nakala yenye sifuri tupu kuanzia mwanzo hadi mwisho si nakala.

Hatua ya 4: Ukilazimika kuchukua romu ya nje

Kama system yako imeoza na huna nakala ya siku za uzima, utatafuta romu. Tafuta kwa jina refu la toleo na jina la bodi. Unachotaka ni mlingano wa vitu vinne: chipu, jina la bodi pamoja na namba ya V, ukubwa wa hifadhi, na kioo. Viwili kati ya vinne havitoshi.

Ukishapakua, usiwashe programu yoyote ya exe iliyofichwa humo. Romu ni mafaili ya picha na scatter. Vyombo vya kuflashi vitafute kivyake. Tahadhari hiyo si ya bure. Mwaka 2019 Google ilithibitisha kwamba virusi vya Triada viliwahi kupandikizwa ndani ya programu dhibiti za baadhi ya simu kabla hazijamfikia mnunuzi. Virusi vya namna hiyo vinakaa kwenye system, hata ukifuta data zote havitoki.

Kisha linganisha scatter ya romu na mpangilio wa sehemu za simu yako. Majina, mfuatano na ukubwa vifanane. Hapo utagundua romu nyingi za uongo bila kugusa simu.

Hatua ya 5: Kuandika

Fungua SP Flash Tool, chagua faili la scatter. Juu kuna orodha ya aina tatu za kazi, na uchaguzi wako hapa unabeba uzito wote.

"Download Only" ndiyo yako. Inaandika sehemu ulizotia alama tu na kuacha nyingine.

"Firmware Upgrade" hubadilisha mpangilio wote wa hifadhi, ikijaribu kuhifadhi nvram na wenzake. Itumie pale tu romu ni ya bodi yako kwa hakika na nakala yako iko salama.

"Format All + Download" hufuta kila kitu pamoja na IMEI na vipimo vya redio. Watu hushauriwa kuitumia kana kwamba ni usafi wa kawaida. Sioni sababu ya kuigusa kwenye kifaa kinachowaka.

Ukiwa kwenye "Download Only", toa alama kwenye preloader. Kama simu inaamka, preloader yake ni nzima. Huna cha kupata kwa kuibadilisha na una simu nzima ya kupoteza. Kwa simu za zamani, Android 7 kurudi nyuma, anza na system peke yake uone kama inatosha. Kwa Android 8 kuendelea usichanganye: boot, system, vendor na vbmeta (sehemu yenye alama za kuhakiki nyingine) hukaguana, kwa hiyo ziandikwe pamoja kutoka romu moja. Kuanzia Android 10 mara nyingi utakuta system na vendor zimo ndani ya sehemu moja iitwayo super.

Bonyeza "Download", kisha chomeka simu iliyozimwa. Upau utakuwa mwekundu kwa muda mfupi, halafu wa njano ukitembea polepole. Usiguse kebo. Alama ya kijani ikitokea, chomoa.

Makosa yanayojirudia na maana yake:

Ukiambiwa "PMT changed for the ROM", mpangilio wa sehemu za romu si ule wa simu yako. Programu itakupendekezea kufomati. Simama. Karibu kila mara ujumbe huo unamaanisha romu si yako.

S_FT_ENABLE_DRAM_FAIL, namba 4032: RAM haikuamka. Ama preloader ya romu si ya bodi hii, ama betri imeshuka mno. Chaji kwanza; ikirudia, achana na romu hiyo.

S_BROM_CMD_STARTCMD_FAIL, namba 2005: mawasiliano yalikatika. Badili kebo au tundu la USB, na uangalie draiva.

Hatua ya 6: Uwashaji wa kwanza na ukaguzi

Uwashaji wa kwanza huchukua dakika kadhaa, wakati mwingine zaidi ya kumi kwenye kifaa dhaifu. Acha ichomekwe chaji na usiizime.

Ikifika mwisho, kagua kwa utaratibu. Piga *#06# na ulinganishe IMEI na lebo ya sanduku au iliyo chini ya betri. Washa Wi-Fi; ukiona mtandao unaoitwa "NVRAM WARNING: Err = 0x10" kwenye orodha, vipimo vya redio vimepotea. Gusa kona zote nne za kioo. Fungua kamera zote mbili, piga simu moja, geuza kifaa uone kama picha inazunguka upande sahihi.

IMEI ikiwa imepotea, rudisha sehemu zako kutoka kwenye nakala:

python mtk.py w nvram nakala1/nvram.bin

Fanya hivyo kwa nvdata, protect1, protect2 na proinfo. Unarudisha namba ya kifaa hicho hicho kwenye kifaa hicho hicho. Kuandika namba ya kifaa kingine ni kosa la jinai katika nchi nyingi, na usimfanyie mtu hata akibembeleza.

Simu isipoonyesha uhai

Ichomeke kwenye kompyuta. Ikitokea 0e8d:2000, preloader iko hai na kazi ni ndogo: rudisha lk na boot kutoka nakala1. Ikitokea 0e8d:0003, preloader imeharibika lakini chipu inajibu. BROM haifutiki, na sasa inasubiri mtu wa kuiletea preloader sahihi. Ile preloader.bin uliyoisoma Hatua ya 3 ndiyo inayohitajika hapa, wala hakuna ya kubahatisha. Irudishe kwenye chumba chake:

python mtk.py w preloader preloader.bin --parttype boot1

Isipotokea namba yoyote, toa betri kama inatoka, shikilia vitufe vya sauti, chomeka tena. Bado kimya? Angalia tundu la chaji na betri kabla ya kulaumu programu.

Chipu nyingine

Kanuni haibadiliki, vyombo ndivyo vinavyobadilika. Unisoc, iliyoitwa zamani Spreadtrum, hutumia faili moja la pac na ResearchDownload. Simu huchomekwa huku umeshikilia kitufe cha kupunguza sauti. Allwinner, iliyo kwenye tableti nyingi za bei nafuu, hutumia PhoenixSuit kwa kebo au PhoenixCard kwa kadi ya kumbukumbu. Angalia kadi ya PhoenixCard: ukiwasha tableti ikiwa imo ndani, huanza kufuta na kuandika bila kukuuliza. Rockchip hutumia RKDevTool, na chipu yake ina hali ya MaskROM inayofanya kazi kama BROM. Visanduku vingi vya TV vya Amlogic hutumia USB Burning Tool, na kitufe cha kuamsha mara nyingi kimefichwa ndani ya tundu la AV. Kibonyeze taratibu kwa kijiti cha meno wakati unachomeka.

Kwa chipu ambazo huna chombo cha kuzisoma kwa kebo, angalia kama adb inakupa ruhusa ya juu. Andika adb root, kisha adb shell id. Tableti nyingi zisizo na jina zimeachwa wazi hivyo na kiwanda, na ukiona uid=0, yaani una mamlaka yote, unaweza kunakili kila sehemu kwa amri ya dd hadi kwenye kadi ya kumbukumbu.

Ukimaliza, weka folda ya nakala1, sifa.txt na picha za bodi mahali pamoja. Ipe folda jina la bodi, namba ya V na tarehe, si jina la mgongoni. Folda yenye nvram usiisambaze kwa mtu kama ilivyo, maana imebeba IMEI yako. Akitokea mwenye bodi ile ile aliyekwama, mpe boot, lk na system, na umwombe kwanza picha ya maandishi meupe ya bodi yake.